Waliokuwa wanasubiri Bukoba, 1978

Wiki hii nimeongea sana na mama mkubwa habari za vita vya Kagera na tangu hapo kichwa hakijatulia. Sisi tuliozaliwa baadaye tunachojua ni hotuba ya Mwalimu ya Novemba 2, 1978, ile ya uwezo tunao, sababu tunayo, nia tunayo, afu tunaruka mpaka Kampala, Aprili 1979. Katikati hapo kuna watu walikuwa majumbani kwao tu, hawajui Amin atavuka mto au havuki.

Ndege zake zilishapiga Bukoba Oktoba, uharibifu haukuwa mkubwa ila vioo vya madirisha vilipasuka na watu wakatimka. Mwisho wa mwezi jeshi lake likaingia, likashika eneo lote la kaskazini mwa mto Kagera, akatangaza kwamba sasa ni Uganda, na daraja la Kyaka likalipuliwa. Waliowahi kuvuka wakaja huku na mikeka na watoto, wengine miguu mitupu, yaani ukiwaona unajua kabisa zamu yako inaweza kuwa kesho.

Mama mkubwa anasema kilichomchosha ni giza. Hakuna kuwasha taa, hata kibatari, moto wa kuni unazimwa jua halijazama kwa hiyo ndizi zinapikwa mchana mnakuja kula zimepoa. Na ilikuwa Novemba, msimu wa senene jamani, wamejaa kwenye nyasi na wanawake wanaogopa kutoka alfajiri kwenda kuwaokota. Bibi alishafunga kifurushi kwenye kanga, sufuria ndogo, chumvi, nguo za watoto, kikakaa pale mlangoni wiki nzima nzima, ukitaka chumvi unafungua, unachota, unafunga tena. Hicho kifurushi kinaniuma sana, sijui kwa nini hicho na sio mabomu.

Kaboya tumewajengea askari wetu makaburi na wanastahili kabisa. Ila hawa wa kufunga na kufungua chumvi nani amewaandika? Wanaisha, kila mwaka tunazika.

Nimeanza kumrekodi kwa simu. Kesho nataka anielezee ugomvi wa bibi na babu, maana bibi alitaka wakimbilie Muleba kwa ndugu zake na babu akagoma, kaburi la baba yake lipo kwenye kibanja, akasema kama ni kufa atafia hapo hapo.