Kwa nini Tom na Jerry bado wanatujaza sebuleni

Kila nikiweka Tom and Jerry, zile katuni za paka na panya, pale nyumbani watu wanajaa, na sisemi watoto peke yao, hata shangazi yangu ambaye televisheni kwa kawaida haimhusu anavuta kiti. Wengi wananiambia eti ni kumbukumbu za utoto tu, mtu anapenda kile alichokulia. Sikubali. Kuna vipindi kibao nilivikulia na leo siwezi kuvumilia hata dakika mbili. Alafu mpwa wangu yuko darasa la kwanza, hana utoto wowote wa kukumbuka, mbona anacheka mpaka anashika mbavu kwa kitu kilichochorwa kabla babu yake hajazaliwa?

Mimi naona jibu liko kwenye kazi yenyewe vile ilifanywa. Wale waliozitengeneza walihakikisha picha inasema kila kitu, ukitoa sauti kabisa bado unaelewa.

Hili nimeliona kwa karibu kwa sababu mimi ni mtoto wa kambi ya polisi, Nsambya hapa Kampala. Mliokulia kambini mnajua, ndani ya zile unipoti, vile vijumba vya mabati vya polisi, kuna Waacholi, Waiteso, Walugbara, Wanyankole, Wagisu, Waganda, kila mlango na lugha yake, nje tunakutana kwa Kiswahili, lakini mtoto aliyeletwa juzi kutoka kijijini Kiswahili chenyewe bado hajakishika. Televisheni zilikuwa chache, afande mmoja alikuwa nayo na mama wa nyumba hiyo alikuwa na roho nzuri, anatuachia mlango wazi tunakaa chini kwenye simenti. Ikiwekwa sinema ya Kizungu nusu yetu tunaulizana, amesema nini, amesema nini, mpaka mama anatufukuza. Akitokea Tom hakuna anayeuliza. Yule mtoto mgeni wa kutoka Kitgum, kule kaskazini, anacheka pamoja na sisi, sekunde ile ile, na siku hiyo hiyo amepata marafiki.

Sasa nimekuwa mtu mzima nimefuatilia ilikuwaje. William Hanna na Joseph Barbera walimtoa huyo paka na panya mwaka 1940 kwenye studio ya MGM Marekani, na mpaka 1958 zilikuwa zimetoka filamu fupi 114, kila moja dakika saba hivi, na saba kati yake zilishinda Oscar. Zile kelele za Tom akibanwa mkia ni sauti ya Hanna mwenyewe. Muziki alikuwa anaandika Scott Bradley, na ndio siri kubwa kwa maoni yangu, ju anaandika kufuata mwendo, paka akinyata muziki unanyata, akianguka ngazi kila ngazi ina noti yake, kwa hiyo hata sikio lako linaelezwa hadithi bila neno hata moja.

Tafuteni ile ya 1947 inaitwa The Cat Concerto muangalie kwa makini. Tom anaingia jukwaani na koti lake la mkia mrefu, amejaa maringo, anainama kwa watu, anakaa kwenye piano anaanza kupiga Hungarian Rhapsody namba 2 ya Liszt. Jerry amelala ndani ya piano juu ya vile vinyundo, noti zinamrusha juu chini mpaka anaamka, na hapo vita inaanza. Lakini angalieni uso wa Tom! Amekasirika vibaya sana na hawezi kuonyesha kwa sababu watu wanamtazama, kwa hiyo anatabasamu, anaendelea kupiga, na kwa kidole kimoja anamtupa Jerry pembeni. Jerry anamfungia kifuniko kwenye vidole. Anamwekea mtego wa panya pale penye vibonye. Kuna mahali Tom anapiga piano kwa miguu sababu mikono iko kazini kumshughulikia Jerry, na wimbo haukatiki. Mwishoni paka amechoka hoi, taa inamwangukia panya, makofi yote ni yake. Mtu yeyote aliyewahi kudharauliwa na bosi mbele ya wageni na akalazimika kutabasamu anamwelewa Tom pale, huhitaji kujua Kiingereza wala Liszt ni nani.

Kazi kama ile ilikula pesa nyingi na mwaka 1957 MGM ikafunga studio ya katuni. Hanna na Barbera wakaenda kufanya za televisheni ambako bajeti ilikuwa ndogo sana, ikabidi wachore picha chache. Mmeshaona yule dubu Yogi ana kola na tai na hana shati? Kola inatenganisha kichwa na mwili, kwa hiyo mwili unabaki vile vile wanachora kichwa tu kikizungumza. The Flintstones iliyoanza 1960, Fred akikimbia ndani ya nyumba anapita dirisha lile lile na meza ile ile mara tano. Kama mchoro hizo ni hatua nyuma, nasema wazi. Zilichobaki nacho ni wahusika, unamjua Fred kama unavyomjua jirani yako mwenye kelele, na hao wakaendelea mpaka vipindi 166.

Scooby-Doo, 1969, hiyo kwangu ni habari nyingine kabisa. Hapa kwetu mtoto analelewa na hadithi za basezi, wale wachawi wa usiku, ukichelewa kurudi nyumbani unaambiwa watakukamata. Sasa kila kipindi cha Scooby-Doo kuna zimwi linatisha watu, na mwisho wake kinyago kinavuliwa na ndani ni mtu, mara nyingi mtu anayetaka ardhi, au hazina, au nyumba ya mwenzake ya urithi. Jamani! Katika nchi hii tunayogombania viwanja hivi, nani hajasikia shamba linaloambiwa lina mapepo mpaka wenyewe wakauza kwa bei ya kutupa? Ile katuni ilinifundisha kuuliza, huyu anayetutisha anafaidika nini. Sijaacha kuuliza mpaka leo.

Vitabu vya katuni navyo ni hivyo hivyo. Tintin nilimjua kwa Kifaransa, lugha ambayo siijui kabisa, kupitia rafiki yangu Mkongo wa Katwe ambaye familia yao ilikuja navyo. Nilifuata hadithi nzima kwa picha. Hergé, Mbelgiji, alimwanzisha kwenye gazeti tarehe 10 Januari 1929 na akaendelea naye mpaka alipofariki 1983, vitabu 24, cha mwisho hakukimaliza. Uso wa Tintin ni nukta mbili na pua, basi, lakini gari, meli, mtaa nyuma yake vimechorwa kwa uangalifu wa ajabu, mstari safi mpaka unajua hiyo ni gari ya aina gani. Kwa hiyo unaweza kuwa wewe ndani ya sura ile nyepesi na dunia inayokuzunguka ni ya kweli.

Na hapa sitanyamaza. Kile cha Kongo, cha pili, ni kitabu kinachotudhalilisha, Waafrika wamechorwa midomo mikubwa wanamsujudia kijana wa Kizungu na mbwa wake. Mwaka 1946 Hergé alikichora upya, lile somo ambalo Tintin aliwaambia watoto nchi yenu ni Ubelgiji likageuzwa kuwa hesabu, lakini sura zetu zikabaki zile zile. Tom and Jerry pia, yule mama mweusi mtumishi wa nyumba ambaye unaona miguu tu, ni dharau ya wakati ule. Yule rafiki yangu Mkongo alikuwa ameficha kile cha Kongo chini ya vingine, hakupenda nikione. Nikiwa na watoto siziruki hizo sehemu, nasimamisha tunaongea, wanaelewa vizuri sana kuliko tunavyodhani.

Tusijifanye pia kwamba mambo haya ni ya Wazungu peke yao. Kenya walikuwa na katuni ya Juha Kalulu ya Edward Gitau kwenye Taifa Leo, kwa Kiswahili, miaka na miaka. Na Bogi Benda, mhusika wa katuni aliyekuwa anachekesha wasomaji wa Daily Nation aliumbwa na Mganda, James Tumusiime, yule aliyekuja kuanzisha Fountain Publishers na kituo cha Igongo pale Mbarara. Nikiwauliza vijana wa hapa Kampala wanaochora vizuri kabisa kwenye tableti hawamjui Bogi Benda, na hilo linaniuma.

Siku hizi wachoraji wetu wako juu. Raymond Malinga na studio ya Creatures Animation walitoa katuni fupi A Kalabanda Ate My Homework mwaka 2017, na 2023 Malinga huyo huyo akawa na Herderboy ndani ya Kizazi Moto, mkusanyiko wa katuni fupi za Kiafrika wa Disney+, wachunga ng'ombe wa kwetu ndani ya dunia ya baadaye. Niliiangalia mara nyingi na nimejivunia mno. Ninachowaomba ni kimoja, wapunguze maneno. VJ wetu, wale wanaotafsiri sinema kwa mdomo kwenye vibanda vya video, wanajua kutafsiri chochote kwa Kiluganda na nawapenda, ila Kiluganda hakifiki Kitgum wala Arua. Tengenezeni moja ya dakika saba bila neno hata moja, muziki uandikwe kufuata hatua za mhusika kama alivyofanya Bradley, tena kwa adungu na endongo, vile vyombo vyetu vya nyuzi, alafu ileteni Nsambya muiweke mbele ya watoto wa unipoti. Pale mtajua dakika hiyo hiyo kama imefanya kazi.