Siku moja maishani mwangu: jairo ya upeo kwenye Cessna 172, Kisumu

Saa 1:30 asubuhi. Jairo, kifaa cha dashibodi kinachomwonyesha rubani ndege ilivyolala dhidi ya upeo wa macho, imefika hanga kutoka Nairobi ikiwa imefungwa mkanda kwenye kiti cha gari kama abiria. Ndani yake kuna gurudumu linalozungushwa na hewa inayofyonzwa na pampu. Kwa boda boda, hapana: tuta moja la barabarani linatosha kuumiza beringi. Tunalinganisha nambari yake na cheti, kisha tunaangalia ni ya dashibodi iliyosimama wima au iliyoinama, tuseme nyuzi 8. Ukikosea hapo, ndege iliyotulia itaonekana inapanda au inashuka.

Saa 3. Betri imechomolewa. Fundi amelala chali, kichwa kwenye pedali. Kila mpira wa hewa unapewa lebo kabla ya kung'olewa: huu wa chujio, huu wa kwenda kwa regyuleta (kidhibiti cha mvuto wa hewa) na pampu.

Saa 4. Hapa ndipo penye kazi. Tukipasua mpira mkuukuu, ndani unabanduka kama gome la mkaratusi. Vipande vilivyo kabla ya jairo huziba vitundu vinavyopuliza gurudumu lake. Vilivyo baada yake huenda kwenye pampu, ambayo mabawa yake ya kaboni hayavumilii uchafu. Mipira yote inabadilishwa. Chujio pia: limejaa vumbi na vijidudu vya ziwani. Chujio likiziba, geji ya mvuto wa hewa hushuka, na wapo wanaokimbilia kukaza regyuleta. Hiyo ni kuichosha pampu bure.

Saa 6. Viungo vinafungwa bila utepe mweupe wa mabomba, kwani nyuzi zake humezwa na jairo. Vizibo vya plastiki vya jairo havitoki mpaka mpira uwe mkononi. Skrubu ni za shaba ya njano. Za chuma huvuta dira. Zisiwe ndefu pia, zikagusa kifaa.

Saa 8. Chakula, samaki na ugali.

Saa 9. Injini inawashwa. Ikiwa taratibu, geji iko chini, wala si ajabu. Kwenye mizunguko 1,700 kwa dakika inasoma inchi 4.9 za zebaki, tunataka 4.5 hadi 5.2. Upeo unasimama ndani ya dakika tano, ila umelala upande kama nyuzi moja.

Saa 9:40. Injini imezimwa. Dawa ni kulegeza skrubu na kuizungusha jairo kidogo, lakini gurudumu bado linazunguka na kulia ndani, wembamba kama mbu. Hakuna anayeigusa. Bisibisi inangoja mezani mpaka mlio uishe, dakika kumi hivi.