Siku ya Mizani

Mwaka 2008 mjomba alinichukua kwenye mkutano wa chama cha msingi cha ushirika cha wakulima wa korosho, kijijini kwetu Newala. Stakabadhi ghalani, mfumo wa kuuza korosho kupitia ghala, ilikuwa imeingia mkoani Mtwara msimu wa 2007/08, na ubishi wake ulikuwa umeshaingia hadi majumbani.

Mjomba alikuwa upande wa ghala. Korosho zipelekwe huko, ziuzwe kwa mnada, mkulima alipwe kwanza asilimia 70 ya bei dira, yaani bei ya chini iliyotangazwa kabla ya msimu, salio lifuate mzigo ukishauzwa. Ule ununuzi wa mtaani uitwao kangomba aliuita wizi wa mchana: mnunuzi anakuja mikorosho ikiwa bado maua, anakukopesha vihela, msimu ukifika anapima kwa chombo chake mwenyewe.

Akasimama mama mmoja mjane, khanga kaifunga kiunoni. "Ndugu mwenyekiti, sitetei kangomba. Nauliza tu. Mwezi wa sita nataka salfa ya kupulizia mikorosho, mtoto anaumwa, ghala litanikopesha?"

Watu wakacheka. Hakuketi.

"Na hiyo mizani ya chama, nani hapa anaisoma? Sisi tunatajiwa kilo, tunaitikia."

Kicheko kikakatika. Mjomba akainuka kujibu, wakamkatiza. Mwenyekiti akagonga meza. Wazee waliokaa nyuma nao wakaanza kuhoji makato. Walibishana hadi alasiri, watu waliotahiriwa jando moja, waliooleana, na sikusikia tusi. Niliona fahari kuwa mtoto wa kijiji kile. Kufikia hapo hakuna aliyeuliza tena ghala au kangomba. Waliulizana nani asimame kwenye mizani. Wakakubaliana kilo zisomwe kwa sauti mbele ya mwenye mzigo, na orodha ibandikwe ukutani kwenye ofisi ya chama. Swali la salfa halikupata jibu siku ile, na hilo liliniuma.

Aprili 2013 kule Liwale, mkoani Lindi, wakulima walilipwa pungufu ya walivyotarajia, na nyumba za watu zikachomwa moto. Kelele za mkutanoni zinachosha, lakini mimi nazitaka. Asiyepewa nafasi ya kuhoji mezani atahojia barabarani.

Siku ile ya mkutano, tulipokuwa tunarudi, nilimuuliza mjomba kama amekasirika. Akasema kangomba ataipinga hadi afe. "Ila la mizani," akasema, "yule mama kanishinda, na kesho nitakwenda kumwambia."

Alikwenda. Walibishana tena kuhusu salfa.