Mkate uliokuwa na kiu

Jumamosi, usiku

Mkate umekaa juu ya wavu, unapoa. Ganda lake linalialia kwa visauti vidogo, na nimeapa sitaugusa mpaka muda wa saa mbili upite. Wanga uliomo ndani bado haujatulia. Ukikatwa sasa utanata kwenye kisu kama uji. Basi naandika ili mikono ipate kazi.

Mwezi huu nimeoka mkate wa ngano isiyokobolewa mara tatu, na mara zote tatu umetoka mzito, mkavu, unamomonyoka ukiguswa tu. Kila mara niliishuku hamira. Nikaiongeza, unga ukaumuka kwa pupa, kisha ukabonyea ndani ya oveni. Iliniuma, kwa sababu mkate huu naupenda kuliko wowote: ladha ya ngano nzima, pumba na kiini vyote vimo.

Leo asubuhi ndipo nilipoangalia bakuli la mbegu nikaelewa. Jana usiku nilikuwa nimelowesha gramu 100 za alizeti, ufuta, mbegu za maboga na kitani katika maji ya uzito uleule. Maji hayakuwepo tena. Kitani kilikuwa kimetoa ute mzito, na mbegu zote zimeshikana. Siku zote nilizitia kavu! Kumbe zilikuwa zikinywa maji ya unga, na unga wenyewe una pumba, nayo pumba hufyonza taratibu lakini haishibi upesi.

Leo hamira sikuigusa kipimo: gramu 5 kwa gramu 500 za unga, na chumvi gramu 10. Maji ndiyo niliyoyaongeza, kutoka gramu 325 hadi 390, mbali na yale ya mbegu. Nilichanganya unga na maji peke yake, nikafunika, nikaondoka dakika 40. Mwokaji wa Ufaransa, Raymond Calvel, ndiye aliyeifundisha njia hii na kuiita otolizi. Niliporudi niliona tofauti kwa vidole. Vipande vya pumba vikiwa vikavu vina ncha, hukatakata nyuzi za gluteni, protini ya ngano, zinazopaswa kushika hewa, vikilowa hulainika. Unga ule uliokuwa ukikatika ulivutika.

Hapo nikatia hamira niliyoiyeyusha kwa vijiko viwili vya maji, chumvi, na mwisho mbegu. Ulinata sana. Mkono ulitaka kunyunyiza unga mkavu, nikauzuia, nikauchovya kwenye maji badala yake. Sikukanda kwa nguvu. Niliuvuta na kuukunja mara tatu, kila baada ya nusu saa, na kila mara ulikuwa umejikaza zaidi. Sijui kama kuna kazi ya jikoni inayonituliza kama hiyo.

Kwenye bati sikusubiri ujae mara mbili. Unga usiokobolewa huchacha haraka na hauna nguvu ya kusubiri. Nilibonyeza kwa kidole. Kishimo kilipoanza kurudi polepole, nikauingiza kwenye oveni ya nyuzi 230 na sufuria ya maji ya moto chini yake. Baada ya dakika 15 nikaitoa sufuria, nikashusha hadi nyuzi 200 kwa dakika 30 nyingine. Kipimajoto kilichochomwa katikati kilisoma nyuzi 96.

Saa nne na nusu. Nimeukata.

Ndani una unyevu, matundu ni madogo lakini yameenea kila mahali, na kipande kimekunjika bila kuvunjika. Mbegu za maboga zimebaki za kijani. Ufuta wa juu umeungua kidogo upande wa nyuma, oveni yangu ina joto kali huko. Wiki ijayo nitaligeuza bati katikati ya kuoka. Nimekula vipande viwili bila siagi, nimesimama. Cha tatu nimekipaka.