Siku nilipomwambia mwalimu afumbe macho

Nlikuwa na miaka 14, testi ilikuwa ya maswali 10 tu ya hesabu, na lile la 7 lilikuwa na maumbo manne yamechorwa kwa rula: mraba, pembetatu yenye pande mbili sawa, duara na msambamba (lile la pande nne linalolalia upande mmoja). Chini imeandikwa, "Lipi kati ya haya si linganifu? Toa sababu." Jibu lililotakiwa ni msambamba. Mimi nikaandika hakuna, yote ni linganifu, na kwenye sababu nikaandika kwamba msambamba ukiuzungusha nusu unarudi vilevile. Karatasi iliporudi nikakuta X nyekundu, kalamu imekandamizwa mpaka upande wa pili wa karatasi unaisikia kwa kidole, na pembeni maneno mawili: KUNJA UONE.

Nilipata 9 kwa 10, yani si kwamba nilifeli. Ila lile moja liliniuma kuliko ningekosa matano, kwa sababu sikuwa nimebahatisha, nilikuwa nimeliona kwa macho yangu. Wiki moja nyuma tulikuwa tunajisomea na rafiki yangu, kitabu kimoja katikati ya meza, mimi upande huu yeye upande ule, kwa hiyo kila kitu alikuwa anakiona kichwa chini miguu juu. Pembetatu kwangu imesimama, kwake imepinduka. Maandishi ndo kabisa. Tukafika kwenye msambamba nikamuuliza kwako unalalia wapi, akaonyesha kwa mkono, kulia. Na kwangu kulia. Tukabadilishana viti kuhakikisha, bado kulia. Ndo maana kwenye testi niliandika kwa uhakika kabisa, nilikuwa na shahidi.

Nikamfuata mwalimu. Hakuwa mtu mkali, na nataka niseme wazi kwamba alikuwa anafundisha vizuri, alichukua karatasi akakata msambamba pale pale mbele yangu, akaukunja katikati, kona mbili zikabaki zimetokeza nje kama masikio. Akaukunja kwa ulalo, yani kona kwa kona, masikio tena. "Unaona? Ulinganifu ni nusu mbili kufanana. Hizi hazifanani." Nikasema lakini mwalimu ukiuzungusha, akasema swali halijaongelea kuzungusha. Sikuwa na la kujibu. Nilikuwa na kitu cha kweli mkononi ila sikuwa na neno la kukibebea, na ukiwa na umri ule hiyo hali inauma hadi kooni.

Jioni nikamwonyesha dada. Yeye alikuwa chuo anasoma kemia, siku hizo alikuwa likizo. Akaisoma ile karatasi taratibu, hakusema kama nimekosa ama nimepata, akaleta kioo kidogo cha mkononi na karatasi tupu, akaandika kwa herufi kubwa: KIOO. Akasimamisha kioo kwenye mstari wa chini ya maneno, akaniambia soma cha ndani. Nikasoma KIOO. Yani herufi zimepinduliwa juu chini lakini neno limebaki lilelile, K ile ile, I ile ile, O mbili zile zile. Nilishika kile kioo nikakitoa nikakirudisha mara kibao. Afu akaandika MTU, ila kwa kwenda chini, M juu, T katikati, U chini, akaweka kioo ubavuni. MTU. "Kioo kinakunjika kwa kulala, mtu anakunjika kwa kusimama," akasema, na mpaka leo sijawahi kuona mfano mzuri zaidi wa mistari ya ulinganifu, na umo kwenye lugha yetu wenyewe, hauhitaji kutafsiriwa.

Halafu akaandika S moja kubwa. Akanipa kioo.

Nikajaribu chini, nikajaribu ubavuni, nikajaribu kwa mshazari, hamna. Kila nikiweka kioo inatoka S ya kinyume. Akachukua karatasi akaigeuza kichwa chini, S ile ile. N ile ile, Z ile ile. "Mwalimu wako anaulizia kioo, we umejibu kuhusu S. Wote mnaongelea ulinganifu, ila mmeshika sehemu tofauti za neno."

Hapo ndo moyo wangu ulitulia, kwa sababu mpaka dakika ile nilidhani lazima mmoja wetu awe mjinga.

Akaacha maumbo kabisa akaniuliza, we ni ndugu yangu? Ndio. Na mimi ni ndugu yako? Ndio. Mimi ni dada yako? Ndio. We ni dada yangu? Nikasema hapana, mi nitakuwaje dada yako. Akasema basi ndugu ni uhusiano linganifu, dada sio. Ukibadilishana nafasi za watu kwenye sentensi na ikabaki kweli, huo nao ni ulinganifu, hauna karatasi wala mkasi. Tukaanza kutafuta mengine usiku ule, jirani linakubali, shemeji linakubali, mkwe linakubali (baba mkwe anamwita mkwe na yeye anaitwa mkwe), mzazi linakataa, mdogo linakataa. Na mimi nikagundua moja mwenyewe ambayo naionea fahari hadi leo: "anamsaidia" haikuambii kama na yule mwingine anasaidia, ila "wanasaidiana" imemaliza kazi, huwezi kusaidiana peke yako. Hako ka -ana ka mwisho ndo kanakoweka ulinganifu kwenye kitenzi. Dada akanyamaza kidogo, akasema hebu litamke tena neno lenyewe, li-nga-na. Imo humohumo! Ulinganifu umetoka kwenye lingana, na lingana mwenyewe anaishia na -ana.

Miaka mingi baadaye nilikuja kusoma neno la Kigiriki ambalo ndo limezaa simetria, jina lingine la ulinganifu, nikakuta na wao walianza na "pamoja", syn, wakaunga na metron, kipimo. Kupimika pamoja. Kwa Euclid, yule mwanahisabati wa Ugiriki ya kale, vitu viwili vilikuwa na simetria kama kuna kipimo kimoja kinachoingia kamili kwenye vyote viwili, hakibaki wala hakipungui, na kioo hakimo kabisa kwenye hiyo maana. Kwa hiyo upande wa mraba na ulalo wake, kwa Euclid, ni asymmetros, hakuna kipimo kitakachoingia kamili kwa vyote viwili hata ukate kidogo namna gani. Fikiria hilo: mraba, ambao darasani ndo mfano wa kwanza wa ulinganifu, ndani yake una mistari miwili isiyo na simetria kwa maana ya zamani. Vitruvius naye, yule msanifu majengo wa Roma, alipoandika symmetria alikuwa anaongelea viungo vya jengo kuwa na uwiano kati yao na jengo zima. Hii ya kushoto kufanana na kulia ni ya juzi tu. Claude Perrault alipomtafsiri Vitruvius kwa Kifaransa mwaka 1673 ilibidi aeleze kwamba Wafaransa wanalitumia neno kwa maana nyingine, ya pande mbili kufanana, tofauti na ile ya zamani. Nilipolisoma hilo nilimkumbuka mwalimu wangu na yale masikio ya karatasi. Maana aliyoitetea ilikuwa ya katikati, kuna iliyotangulia na kuna iliyofuata, na mimi bila kujua nilikuwa nagombania iliyofuata.

Turudi usiku ule. Dada alikata msambamba kwenye kadibodi, akauweka juu ya karatasi akauchora pembeni mwote kwa penseli ya kuchonga, mstari mwembamba sana, halafu akachora ulalo mbili kwa kidole tu bila alama, na pale zinapokutana akachoma pini. Mi ndo nilikuwa nazungusha. Robo, haukai, kona zimetoka nje ya mstari. Nusu, tik, umeingia. Akaniambia sasa uchomoe uulaze kifudifudi, upande wa nyuma juu. Nikaulaza. Ukakataa. Nikauzungusha kila namna, ukakataa, kwa sababu sasa unalalia kushoto. (Waliocheza tangramu, lile fumbo la kupanga vipande vya mraba uliokatwa, wanajua, kati ya vile vipande 7 msambamba ndo pekee ambao unaweza kulazimika kuupindua.) Dada akaweka viganja vyake viwili mezani, akasema ni kama mikono, kulia na kushoto vinafanana kila kitu ila glavu ya huku haiingii huku. Akanihadithia habari ya Louis Pasteur, kwamba mwaka 1848 alikuwa anaangalia fuwele za chumvi ya asidi ya tartariki kwenye hadubini akaona ziko za aina mbili, moja ni taswira ya kioo ya nyingine, akakaa kuzichambua moja moja kwa kibanio, za huku huku za kule kule, na akiziyeyusha kila kundi lilipindisha mwanga upande wake. Alivyokuwa anasimulia ungedhani alikuwa amesimama nyuma ya kiti cha Pasteur. Nadhani mimi kupenda haya mambo kulianzia hapo, kwenye sauti yake.

Mwisho akanipa mchezo. "Kesho mwambie mwalimu afumbe macho. Mfanyie kitu huo msambamba, au usiufanyie. Akifumbua mwulize umefanya nini. Asipoweza kujua, huo ndo ulinganifu. Ni kitu unachokifanya na hakiachi alama."

Nikaja kukutana na sentensi hiyohiyo, kwa maneno mengine, kwenye fizikia. Emmy Noether, mwanahisabati wa Kijerumani, alithibitisha kwenye andiko lake la 1918 kwamba ulinganifu wa namna hii unazaa sheria: fanya jaribio lako leo au lifanye kesho, kama sheria za dunia hazijui tofauti, nishati haipotei, na ukilihamisha kutoka hapa kwenda pale bila sheria kujua tofauti, momenta (uzito wa kitu mara kasi yake) nayo haipotei. Nilipoelewa hilo ilibidi nifunge kitabu nitembee kidogo. Unafumba macho, kitu kinahamishwa, hujui. Na kwa sababu hujui, momenta haipotei. Ni kadibodi ya dada, tupu.

Kesho yake mapumziko nikaenda ofisini. Mwalimu alikuwa anasahihisha madaftari, nikaomba nafasi mezani kwake, nikatandaza ile karatasi, nikachoma pini. Nikamwambia mwalimu naomba ufumbe macho. Akaniangalia muda mrefu, akaweka kalamu chini, akafumba.

Nikazungusha nusu. Vidole vilikuwa vinatetemeka, pini ikalegea nikaikandamiza tena.

"Fumbua mwalimu. Nimefanya nini?"

Akaangalia mstari wa penseli pande zote nne. "Hujafanya kitu."

"Nimeuzungusha."

Hakusema neno. Akaweka kidole kwenye kona moja, akauzungusha mwenyewe polepole, kidole hakitoki kwenye kona, macho yanaifuata mpaka ilipokaa kwenye nafasi ya mwenzake. Akaurudisha. Akauzungusha tena. Akasema kwa sauti ya chini kama anajisemea, "hii imekwenda kukaa pale." Halafu akafumba macho bila kuombwa akasema haya, tena.

Safari hii sikugusa chochote, nilikaa tu mikono magotini.

Akafumbua, akaangalia. "Sasa hivi umeuzungusha."

"Hapana mwalimu, sijagusa."

Akacheka, kicheko cha mtu aliyefurahi kweli, akavuta karatasi. Akaniuliza sasa huu msambamba una mambo mangapi ya kuufanyia nisijue. Nikasema moja, kuuzungusha nusu. Akasema hapana, mawili. Kuuacha kama ulivyo nako ni moja, kwa sababu nikifumbua siwezi kutofautisha, kwa hiyo hiyo nayo ihesabu. Hilo dada hakuniambia, na nadhani mwalimu naye alikuwa hajawahi kulifikiria mpaka dakika ile, lilitoka kwake likiwa la moto. Nilishangaa sana. Kutofanya kitu nako kunahesabiwa!

Habari ya ile X hatukuigusa tena. Alichukua mkasi akakata mraba, tukaanza kuhesabu pamoja, anafumba yeye nafanya mimi, nafumba mimi anafanya yeye: kuuacha, robo, nusu, robo tatu, hizo nne, halafu kuupindua, kwa ulalo huu, kwa ulalo ule, kwa kusimama, kwa kulala, nne nyingine, 8. Pembetatu ya kwenye testi ikatoa 2 tu. Akakata nyingine yenye pande tatu sawa, ikatoa 6. Msambamba 2 na ile pembetatu 2, sawasawa, akaziandika moja chini ya nyingine akazizungushia duara kwa kalamu ileile nyekundu.

Kengele ikalia. Walimu wengine wakanyanyuka wakachukua chaki wakatoka. Yeye alikuwa ameshakata duara la kadibodi, amelichoma pini katikati, akalisukuma mbele yangu, akafumba macho.