Taa, giza na mchoraji wa kilindini

Else Bostelmann, mchoraji mzaliwa wa Ujerumani aliyehamia Marekani, alichora samaki wa kilindini ambao hakuwahi kuwaona katika maji yao. Mwanasayansi William Beebe na mhandisi Otis Barton walishushwa baharini karibu na Bermuda ndani ya tufe la chuma, na tarehe 15 Agosti 1934 wakafika mita 923. Beebe alichungulia dirishani na kueleza kwa simu alichokiona, huku Gloria Hollister, aliyebaki juu kwenye tishari, akiandika. Maelezo hayo ndiyo Bostelmann aliyoyageuza kuwa picha, akishauriana na Beebe. Katika mojawapo, samaki mwenye meno marefu yaliyotokeza nje ya mdomo anawakimbiza vifaranga vya samaki, na nyuma yao hakuna kitu ila weusi.

Baadhi ya samaki aliowaeleza Beebe hawajapata kuonekana tena, na wapo wataalamu waliotilia shaka maelezo yake. Shaka hiyo hainisumbui sana, kwa kuwa weusi ule ni wa kweli: chini ya mita 1,000 mwanga wa jua haufiki kabisa. Mtengenezaji filamu James Cameron, aliyeshuka peke yake katika mtaro wa Mariana tarehe 26 Machi 2012 hadi karibu mita 10,900, alilazimika kwenda na mnara mzima wa taa. Sisi wa Mwanza tunaijua tabia ya taa. Mvuvi wa dagaa huwasha yake usiku usio na mbalamwezi na dagaa humjia, lakini anayetaka kujua ziwa lina nini hawezi kuridhika na waliokusanyika chini ya taa, maana wanaoukimbia mwanga hawahesabiki. Mwaka huohuo wa 2012, katika Bahari ya Pasifiki upande wa Japani, mwanabiolojia wa bahari Edith Widder alitumia mwanga mwekundu, ambao wanyama wengi wa kilindini hawauoni, pamoja na chambo cha taa za buluu zilizoiga mng'ao wa konyeza, na ngisi mkubwa ajabu akajitokeza mbele ya kamera.

Mbinu hiyo haihamishiki hivi hivi kuja ziwani kwetu, ambako kina kikubwa kabisa ni kama mita 80 tu. Baharini rangi nyekundu ndiyo hutangulia kupotea; katika maji yetu yenye tope, buluu ndiyo hufifia mapema, na nyekundu hupenya zaidi. Ndiyo maana katika Ghuba ya Mwanza, samaki aina ya furu ambao madume yao ni ya buluu hukaa karibu na uso wa maji, ilhali jamaa zao ambao madume yao ni mekundu, waliopewa jina la kisayansi la nyererei kwa heshima ya Mwalimu, hukaa chini zaidi wakiwa na macho yanayoimudu vizuri nyekundu. Msanii wa hapa atakayechora vilindi vya ziwa kwa buluu nzito ya baharini atakuwa amechora Bermuda.