Nilivyombana jirani aliyepuuza zuio la mahakama

Kila niliyemweleza kwamba jirani anaendelea kujenga ndani ya shamba langu, ilhali mahakama imeshamzuia, alinijibu vilevile: "Ndugu yangu, nenda polisi, leo atalala ndani." Nikaenda. OCS, yaani mkuu wa kituo, akaisoma amri, akanirudishia. Haikuwaagiza polisi lolote, na zuio la kesi ya madai si hati ya kumkamata mtu. Mwingine, tena jamaa wa karibu, akanishauri niubomoe ukuta usiku. Yaani nijitafutie kesi mwenyewe! Siku hizi wakianza mambo ya sheria naitikia tu, "haya".

Njia ni kurudi kwenye kesi ileile na ombi la kumwadhibu kwa kudharau mahakama. Hapa Kenya, Agizo la 40, kanuni ya 3, ya Kanuni za Kesi za Madai za 2010 huiruhusu mahakama kukamata mali ya mkaidi au kumfunga hadi miezi sita. Rafiki mmoja aliniletea mfano wa ombi uliojaa vifungu vya Sheria ya Kudharau Mahakama ya 2016. Wakili akaukata kwa kalamu nyekundu: Mahakama Kuu iliibatilisha sheria hiyo 2018.

Sasa uthibitishe: amri ilikuwa wazi, mhusika aliijua, akaivunja, tena kwa makusudi. Na kwa kuwa mtu anaweza kwenda jela, ushahidi hupimwa kwa ukali kuliko katika madai ya kawaida.

Picha alizopiga mpwa wangu hazikufaa kitu. Zilionyesha ukuta, basi. Jirani akaapa kwamba wote ulikuwepo kabla ya zuio. Kumbe siku amri ilipopelekwa nilimsumbua mpeleka hati apige picha ya ukuta na kuiambatanisha na kiapo chake. Alinuna, lakini alipiga. Tukaikuza: kozi nne, yaani safu nne, za mawe, na kando yake pipa la maji lenye mdomo uliopasuka. Nikaenda kusimama palepale, nikapiga nyingine. Pipa lilelile, ufa uleule, kozi kumi na moja! Zikawekwa ukurasa mmoja, pamoja na cheti cha kuthibitisha ushahidi wa kielektroniki, cha kifungu cha 106B cha Sheria ya Ushahidi. Picha za simu bila cheti hicho hukaribisha pingamizi.

Akabaki na kisingizio kimoja: hakuiona amri, iliachiwa mkewe. Mahakama zetu hutazama kama mtu aliijua amri, hata kama hakukabidhiwa mkononi. Nikapekua faili lote, na hapo nilicheka peke yangu. Kabla ya ombi letu, jirani mwenyewe alikuwa ameomba zuio liondolewe, na katika hati yake ya kiapo aliambatanisha nakala ya amri ileile, kielelezo cha kwanza, na muhuri wa kamishna wa viapo juu yake. Jaji alipouliza nakala hiyo ilitoka wapi, wakili wake akaomba muda wa kuwasiliana na mteja.

Akapatikana na hatia. Kabla ya adhabu alipewa nafasi ya kujirekebisha: akaondoa kozi zile saba, akaomba radhi, akatozwa faini. Jamaa zangu walinuna, walitaka jela. Mimi nilitaka shamba. Wakili alinila elfu themanini na kitu, nauli mbali. Jirani aliamriwa kunilipa gharama za ombi, na hesabu yake bado tunavutana.